Sosi ya Kithai na Nyama ya Jumapili Ile

Siku yangu ya kwanza kazini, katika hoteli moja ya Thika, mkuu wa jiko alinikabidhi karai la makaa na kuniambia nisiguse nyama kwa mwezi mzima. Alitaka niujue moto kwanza. Nilijifunza kupima joto kwa kiganja: ukiweka mkono juu ya wavu ukashindwa kuhesabu zaidi ya tatu, makaa yako tayari kwa steki. Wachomaji wenzangu, wote wanaume, walisema nitachoka. Nilichoka kweli, lakini nilikaa miaka kumi na mmoja.

Kisha nikaajiriwa Ruiru, kwenye mkahawa wa vyakula vya Kithai. Mpishi Mkuu alikuwa mama kutoka Thailand, mfupi, asiyependa kurudia maneno. Yeye ndiye aliyenifundisha steki yao. Nyama unaipaka mchuzi wa samaki, yaani maji ya chumvi ya samaki waliovundikwa, unaichoma kwa moto mkali, halafu unaiacha ilale ili maji yake yatulie ndani. Unaikata vipande vyembamba, kisu kikikingama nyuzi za nyama. Sosi ya kuchovya ni ndimu, ukwaju, sukari kidogo, mchuzi uleule wa samaki, vitunguu, dhania na pilipili kavu zilizosagwa. Mwisho unatia mchele uliokaangwa bila mafuta hadi ukawa kahawia, ukatwangwa. Huo mchele ndio unaofanya sosi ishike nyama.

Aliniambia siku moja, kwa Kiswahili chake kifupi, "Sosi ni ya nyama nzuri. Nyama mbaya, tupa."

Mkataba wake ulipoisha alirudi kwao, nami nikaachiwa jiko chini ya Meneja mpya. Jumapili moja akina mama wa kanisa walikuwa wameagiza chakula cha mchana. Stima ilikuwa imepotea tangu Ijumaa, na friji imezima. Niliifungua nyama, nikanusa, nikamwita Meneja. Naye akanusa, akatazama saa.

"Mama Njeri, ongeza pilipili na ndimu," akasema. "Hakuna mtu atajua."

Njeri wangu alikuwa chuoni Juja, na umri wangu haukuwa wa kuanza kutafuta kazi. Niliongeza. Wale akina mama walikula, wakasifu, wakaenda zao. Kama kuna aliyeumwa, hakurudi kutuambia. Mabaki yalifungwa kwenye karatasi na Nyambura, aliyekuwa akiosha vyombo, apeleke nyumbani kwake, mtaa wa mabanda wa Kiandutu. Nilimwona akifunga.

Alirudi kazini Alhamisi, macho yameingia ndani. Binti yake mdogo alikuwa bado hospitalini, amewekewa dripu. Alinikuta nikikaanga mchele.

"Mama Njeri, ulijua?"

"Nilijua."

Akarudi kwenye sinki. Binti alipona baada ya wiki moja. Habari hiyo niliipata kwa watu wengine.

Miezi michache baadaye stima ikapotea tena siku mbili. Safari hiyo niliitupa nyama yote, nikaimwagia sabuni ili asije mtu akaiokota, ndipo nikaenda kumwambia Meneja. Hakunifuta kazi. Alinitoa kwenye moto akanipeleka kuosha sufuria. Nilimalizia hapo miaka yangu minne ya mwisho, bega kwa bega na Nyambura, vidole vikipasuka kwa sabuni. Mwaka wa kwanza hakunisemesha ila kuhusu vyombo. Wa pili, asubuhi moja, alinisogezea kreti aliyokuwa akiikalia.

"Kaa, magoti yako yamekwisha," akasema.

Hakutamka kwamba amenisamehe, nami sikuuliza.

Sasa nimestaafu. Macho yangu yaliharibiwa na moshi, na mgongo hauniruhusu kusimama muda mrefu. Vijana wanaosomea upishi huja kuniuliza vipimo vya ile sosi, nami nawapa bila kuficha. Wengine huuliza kama iliniuma kutolewa kwenye moto. Nawaambia ile ilikuwa kazi tu, na kazi huisha. Kinachoniamsha mpaka leo ni kwamba mwanamke alikuwa anafungia mtoto wake chakula hatua mbili kutoka kwangu, nami nikaendelea kupangusa wavu.