Maneno Niliyomwandikia Mama wa Nyakabere

Kwa miaka mingi niliwafundisha wanafunzi wangu wa sinema jambo moja kwa kiburi: mwenye kamera haweki kamera chini. Nikifika hapo niliwaonyesha kipande cha filamu yangu mwenyewe, kile kilichonifanya niitwe profesa. Mto umefurika katika bonde la Ruzizi. Mama mmoja wa Nyakabere amesimama ndani ya maji yaliyomfika kiunoni, amekumbatia gunia la mpunga wa mbegu. Anageukia kamera, anasema maneno machache kwa Kirundi, kisha gunia linamponyoka. Maji yanalibeba, naye analitazama mpaka linapotelea mbali. Chini ya picha nimeandika kwa Kifaransa: «Hata Mungu ametuacha.»

Hayo hakuyasema.

Mimi ni mtoto wa Nyamianda, hapa Uvira. Nyumbani tuliongea Kifuliiru na Kiswahili, lakini Kirundi nilikisikia sokoni tangu utoto, kwa wamama waliotoka bondeni kuuza mchele. Sikukijua vizuri, ila nilikijua vya kutosha. Mama yule aliniambia, «Mwanangu, acha hicho kitu, shika upande huu.» Nilimwelewa palepale. Baadaye, nilipokaa kuzipanga picha, niliona maneno hayo yananiharibia kazi. Mtazamaji angeacha kumwonea huruma mama, angeanza kuniuliza mimi. Nikaandika mengine.

Filamu ilionyeshwa Ulaya. Watu wakasimama wakapiga makofi, na mwanamke mmoja alinishika mikono yote miwili akalia. Niliporudi, chuo kikanipa darasa. Wanafunzi wengi wa kwetu wanasikia Kirundi, kwa hiyo kila nilipokionyesha kipande kile nilizima sauti. Niliwaambia picha nzuri inajieleza yenyewe. Waliandika hayo kwenye madaftari yao.

Bondeni sikuwahi kuipeleka. Mara barabara ni mbaya, mara projekta imekufa. Mpaka mwanafunzi mmoja, msichana wa Katogota, akaenda kuongea na padri wa Nyakabere bila kuniuliza. Wakapanga tarehe, ukumbi wa parokia, baada ya misa ya Jumapili. Ningekataaje?

Madirisha yalizibwa kwa maturubai. Mama alikaa mbele kabisa, amevaa kitenge kipya, majirani wamemzunguka kama bibi harusi. Kipande kile kilipofika na sauti yake ikasikika, ukumbi ulicheka. Walimtambua: ndivyo anavyoamrisha watu hata leo. Ndipo mzee mmoja akauliza kwa sauti ya kawaida tu, «Sasa ule alikuwa anaambia ashike, alishika?»

Kicheko kikaisha. Msichana wa Katogota alikuwa kando ya projekta. Alisoma Kifaransa kilichokuwa ukutani, kisha akanitazama.

Picha zilipokwisha wakanipa mikro niseme. Nilikuwa na nafasi ya kusema kweli. Nikasema, «Maji yalikuwa na kelele nyingi. Sikumsikia mama vizuri.»

Mama akainuka taratibu. Akanyoosha mkono mpaka vidole vikagusa bega la jirani yake. «Ulikuwa hapa,» akasema. «Hapa tu.» Akakaa.

Hakuna aliyenitukana. Walinipa soda. Padri, ambaye naye alikuwa ameyasoma maandishi yangu, alinishukuru kwa kufika, bila kuniangalia usoni. Kwenye gari msichana alikaa nyuma na vyombo. Tulipoliacha bonde akaniuliza, «Prof, ulijua?»

«Nilijua.»

Tulipofika Uvira alishusha vyombo, akaenda zake kwa miguu.

Siku nne baadaye nilirudi Nyakabere peke yangu. Nilimkuta mama anaanika mihogo. Alinipa kiti, akaendelea na kazi yake. Nikamwambia nimekuja kuomba msamaha kwa ajili ya gunia.

«Gunia ilikwenda,» akasema. «Watu wa Katogota walitupa mbegu ingine, tukapanda, tukakula. Lakini padri alinisomea maneno yenye weye uliandika. Miye nilisema Mungu ametuacha?»

«Hapana, mama.»

«Siku ile sikukuwa naita Mungu. Nilikuwa naita muntu. Mungu alikuwa amesha nitumia muntu, ni weye.»

Nimesoma vitabu vingi kuhusu kazi yangu, na nimewasahihisha wengine kwa ukali. Pale nilitazama mihogo tu. Mwishowe nikamwahidi kwamba nitaondoa maneno yale na kuweka yake.

Kazi yenyewe haikuchukua hata saa moja. Msichana wa Katogota alinitafsiria neno kwa neno, akakataa kukaa karibu nami wakati wa kuyaandika. Wale walioionyesha filamu Ulaya niliwaandikia barua ya kueleza, hawajajibu. Kisha nikampelekea mama nakala mpya ndani ya telefoni yangu. Alivaa miwani, akatazama, akaomba nirudishe nyuma, akatazama tena.

«Sasa maneno ni yangu,» akasema. «Lakini weye ulinijibu. Mbona jibu haiko?»

Nikamwambia sikumbuki kumjibu. Safari hii nilikuwa nasema kweli.

«Ulinijibu,» akarudia. «Tafuta.»

Nilitafuta kwenye picha za siku ile, zile nilizozikata zamani. Sikuchelewa kulipata. Mama anasema shika upande huu, na kabla gunia halijaponyoka kuna sauti ya kijana, karibu sana na kamera, imetulia kabisa. Inasema kwa Kiswahili, «Ngoja kidogo, mama.» Ni sauti yangu. Nilikuwa nimeikata vizuri kiasi kwamba hata mimi nilisahau.

Ningependa kusema niliirudisha siku hiyohiyo. Nilikaa nayo miezi mitatu. Nilijiambia kwamba mama hataiona tena filamu hii, kwamba wanafunzi watapoteza heshima, kwamba kosa kubwa nimesharekebisha. Darasani nilifundisha mambo mengine.

Sasa imo ndani ya filamu. Nilipoionyesha mara ya kwanza na sauti yote, wanafunzi waliinamisha vichwa kana kwamba wao ndio waliokosa. Msichana wa Katogota peke yake hakuinama. Alinitazama mpaka mwisho, kalamu mkononi, asiandike kitu.