Shuka Lililofuliwa

Mtaani walimwita Sinema, na si kwa kumsifu. Mwanamke mzima aliwahi kushinda ndani ya pipa la maji mbele ya kamera, watu wakaulizana kama ile ni kazi au kichwa kimeguswa. Aliwachukia waliomcheka. Waliompigia makofi bila kutazama aliwachukia zaidi.

Safari hii alitundika kamba moja katika ukumbi wa maonyesho ya sanaa, na shuka moja. Ndilo shuka alilolalia mama yake hadi kufa, dobi aliyefua nguo za watu mpaka vidole vikapinda. Jasho la siku za mwisho lilikuwa limeacha doa la manjano: bega, nyonga, goti lililokunjwa. Mama mzima, kalala ubavu. Jioni, projekta ingemulika juu ya doa hilo video ya mikono ya mama ikifua, na Sinema angekaa chini yake, kimya, hadi mgeni wa mwisho aondoke.

Mchana aliingia akakuta shuka jeupe pe, limepigwa pasi, linanukia sabuni. Pembeni alikaa mama yake mdogo, viganja vimesinyaa kwa maji.

“Nani kaligusa?”

“Mimi, mwanangu. Jana uliponionyesha sikulala. Asubuhi nikambembeleza mlinzi anifungulie. Wakubwa waje wamwone dada yangu mchafu? Yeye, dobi?”

“Umemfua mama! Hakuna kingine chenye umbo lake, na wewe umemfua!”

“Usinipandishie sauti. Kwani ulimwuliza kama anataka kuanikwa?”

Swali hilo likamchoma Sinema kuliko shuka lenyewe. “Toka,” alisema. Mama mdogo hakutoka.

Msimamizi wa ukumbi akaja na tabasamu lake la wageni. “Tunaweza kulipaka chai kidogo. Nani atajua?”

“Mimi. Nipishe kabla sijakupaka wewe.”

Jioni watu walipojaa, aliburuta beseni hadi katikati, akaanua shuka safi na kuanza kulifua. Alisugua kama anayemtafuta mtu ndani ya kitambaa. Mikono ya mama, kwenye video, ilimwangukia mgongoni. Ngozi ya vidole ikachubuka. Mgeni mmoja akainua simu, akatabasamu.

“Hilo ni safi!” sauti ilipasuka nyuma. “Unalichakaza bure!”

Mama mdogo alipenya, akavua ndala, akashika ncha ya pili, maana shuka lile halikamuliki na mtu mmoja. Wakasokota, huyu kulia, huyu kushoto. Sinema alisokota kama anayenyonga shingo, akivuta kwa makusudi ili yule mwingine ayumbe. Hakuyumba. Maji yakachuruzika sakafuni, maangavu, bila hata chembe ya manjano.

“Sijakusamehe,” Sinema alisema bila kuinua macho.

“Kaza,” alijibu mama mdogo. “Bado lina maji.”