Mtungi wa Kwenda Bukene

Bi Mwanne wa Gongoni alikuwa na ugomvi na kitu kimoja tu duniani, nacho ni plastiki. Amefinyanga vyungu tangu usichana wake, na kila ndoo iliyopita mlangoni aliitazama kwa jicho la mke mwenza. "Maji ya ndoo yana ladha ya ndoo," aliwaambia majirani, amevaa kandambili zake za plastiki, ambazo yeye hakuzihesabu.

Mwezi huo alikuwa akimfinyangia mtungi mkwewe Shamila, aliyejiandaa kumfuata mumewe Bukene. Magoti yalishagoma, mtungi mkubwa kama huo hangeuweza tena, na alitamani mno uende na mtu wa nyumbani kwake. Tumbo la mtungi lilikuwa tayari. Shingo ingewekwa jioni.

Ndipo Shamila akarudi kutoka sokoni na beseni jekundu la safari. Bi Mwanne alipandwa na hasira. Alizoa kila kitu cha plastiki mle ndani, ndoo, vikombe, kopo la kuogea, hata manailoni ya uani, akavitupa shimoni nyuma ya choo. Kisha akaenda kwa shoga yake Hafsa kujisifu.

Hafsa alimsikiliza mpaka mwisho. "Na nailoni ya kufunikia mtungi, nayo umetupa?"

Bi Mwanne aliweka kikombe chini. Kwa jua lile la saa nane, ukingo ungekauka, shingo isingeshika, na mtungi ndio basi tena. Alitimua mbio, magoti na yote, kandambili moja ikabaki njiani.

Uani aliukuta mtungi umefunikwa gubigubi kwa nailoni nzito yenye zipu, ile iliyokuja na blanketi la harusi la Shamila. Aligusa ukingo. Ulikuwa bado mbichi.

"Yako ilichanika ulipoivuta, mama," alisema Shamila.

"Na hukuniambia kitu?"

"Ulikuwa umekasirika."

Bi Mwanne aliona haya, akampenda binti yule kuliko alivyowahi kumpenda. Alikaa chini akaweka shingo.

Siku ya safari, mtungi ulishachomwa, naye ndiye aliyeukalisha ndani ya beseni jekundu, usije ukagongwa. Treni ya Mwanza, ipitayo Bukene, ilipoanza kuvuta, alitembea sambamba na dirisha, machozi yakimtoka.

"Lishike vizuri beseni, mwanangu," alisema. "Lishike vizuri."