Panda na Maji ya Kitangari

Siku yangu ya kwanza kazini, pale Masasi, Bwana Habari wa Wilaya alinikabidhi gari la sinema, jenereta, projekta na reli moja ya filamu. "Huyu ni panda," alisema. "Dubu wa China. Marafiki zetu wametuletea. Kila kijiji cha Ujamaa kimwone." Nikauliza filamu za kilimo na malaria ziko wapi. Zinakuja, alisema. Hazikuja.

Jioni nilizunguka vijijini na kipaza sauti: "Njooni mtazame panda!" Kijiji cha Lukuledi wazee walikuja wakitaka kujua tunapanda nini, korosho au muhogo. Walipoliona dubu jeusi na jeupe limekaa likitafuna mianzi, mmoja akaniuliza, "Mwanangu, shamba liko wapi?" Nikamsihi bosi tutangaze "dubu" tu. "Jina la mgeni halibadilishwi," akanijibu. Nikaendelea kuchekwa.

Filamu ilizungumza Kichina, hivyo nilisimama kando ya shuka nyeupe nikisoma maelezo ya bosi: furaha ya panda, subira ya wapiga picha waliojibanza kwenye theluji. Theluji! Hebu ieleze theluji Newala.

Kule Kitangari bosi alikuja mwenyewe. Wenyeji walikaa pamoja na wakimbizi wa vita vya Msumbiji, wengi wametoka kuhangaikia maji bondeni. Panda akaingia kijitoni. Akajimwagia, akalala chali majini. Vicheko vikakatika. Mama Zuhura, mkulima wa pale, akasimama, ndoo yake ya maji ya tope miguuni.

"Baba, rudisha hapo."

Nikairudisha reli nyuma. Kijito kikatiririka tena.

"Tena."

Hakuna aliyemtazama panda. Walitazama maji.

"Mnyama!" bosi akaninong'oneza kwa hasira. "Waambie wamtazame mnyama!"

Mama Zuhura akamsikia. "Bwana Habari, huyo mnyama maji kapewa na nani?"

"Na Mungu, mama."

"Na sisi tuliambiwa tuhamie kijijini, maji yatakuja. Alisema Mungu, au mlisema ninyi?"

Bosi akaniamuru nizime jenereta.

Tukiwa njiani kurudi nikamwomba awaeleze wakubwa shida ile ya maji. "Sisi ni Habari, si Maji," akasema. Wakubwa akawaeleza kwamba wananchi wamempenda panda mpaka wakataka aonyeshwe tena. Basi tukaletewa reli ya pili: panda na mtoto wake.

Nikaomba uhamisho kwenda idara ya maji.

"Unaacha sinema uendeshe boza la maji?" bosi akaniuliza.

"Naam, mzee."

Kazi hiyo ndiyo niliyostaafia. Msidhani ilikuwa neema. Dizeli ilikosekana, spea zilichelewa, na mara nyingi nilifika na boza nusu. Wanawake walinigombeza mbele ya waume zao, Mama Zuhura kuliko wote. Siku ya kwanza nilijaribu kujieleza. Akaniambia maelezo hayapiki ugali. Tangu hapo nilikuwa nashuka kimya, nafungua bomba, nakinga ndoo yake, naye ananigombeza mpaka inajaa.