Mama Dengu wa Mji Mkongwe

Asubuhi ya mwisho tuliyouza chapati pamoja sokoni, mke wangu aliamka kwanza, kama siku zote, akakoroga unga wa dengu na maji kabla hajaniamsha. Hapa mji mkongwe wa Nice, kusini mwa Ufaransa, walimwita Mama Dengu. Kidole gumba chake kilikuwa na kovu la moto, na kisu hakutumia. Chapati ikitoka tanurini, pana kama meza, aliikwangua kwa chuma, akainyunyizia pilipili manga, akasema "kula ingali moto" kwa kila mtu, hata kwa padri.

Siku hiyo alikuja msichana mgeni, begi mgongoni. Alisema hagusi nyama, samaki, yai, maziwa wala jibini. Soko zima alikuwa amelizunguka, treni yake ni ya mchana, na chakula cha mji wetu hajaonja hata kimoja. Baptistin muuza samaki akacheka. "Mama Dengu, huyo mpe maji ya bomba. Na uyachuje, yasije yakawa na kidagaa."

"Nyamaza, unanuka," mke wangu akamjibu. Akamkwangulia msichana sahani. "Dengu, maji, mafuta ya zeituni, chumvi. Basi."

Msichana alikula sahani tatu. Watu walipomwona analamba vidole wakapanga foleni mpaka kwenye meza ya samaki, na Baptistin mwenyewe akaingia humo. Msichana akauliza kama chakula hicho tulikibuni kwa ajili ya watu kama yeye.

"Hapana, binti yangu," mke wangu akasema. "Mama yangu hakuwa na yai la kutia, akawa analia. Ningejua mtakuja toka mbali kulifuata yai lisilokuwepo, ningemwambia anyamaze."