Punje ya Kahawa Mfukoni mwa Profesa

Auleria wa Rwegoshora, jirani yangu hapa Nyakatuntu, alikuwa na mdomo mzito. Ukimuuliza kama mvua inanyesha, atatoka nje kwanza akalowe, ndipo akujibu. Mtu wa namna hiyo hafai kupelekwa mahakamani.

Alikuwa akifundisha shule ya msingi kule Bweranyange, bila cheti. Mwaka tisini na moja chuo kipya kikafunguliwa kilimani kwetu, naye akaacha kazi akajiunga. Kilima kile kina upepo, si mchezo. Ulimnyonyoa jogoo wangu akafika Uganda uchi, wakamdai pasipoti. Lakini chuo kilisimama. Mkuu wake, Mwalimu Projest, aliwaambia wanafunzi kwamba ni chuo kishiriki, yaani kimeegemea chuo kikuu fulani cha mbali, na vyeti vitatoka huko. Auleria alikitaka cheti hicho kama mgonjwa wa homa anavyotaka maji.

Siku profesa wa chuo kikuu alipokuja kukagua, Auleria ndiye aliyeshika kikapu cha kahawa ya kutafuna. Buni moja ina punje mbili. Kwetu, ukila moja nami nikala ya pili, tumekuwa ndugu, na ndugu hamkani nduguye. Projest akapasua buni mbele ya watu wote, akatafuna punje yake, akampa mgeni ya pili. Tukapiga vigelegele. Haukupita muda kibao kikapakwa rangi, na jina la chuo kikuu likaandikwa kubwa kuliko la chuo chenyewe.

Mitihani ya mwisho ilipokaribia, chuo kikuu kikasema hakiwajui wanafunzi hao. Projest akafungua kesi mahakamani Bukoba, akidai walishakubaliana siku ile ya kahawa. Shahidi wake mkubwa akawa Auleria, maana ndiye aliyesimama karibu na wale wawili siku ile.

Akaja kwangu, akakaa jikoni, hata ndizi hakugusa.

"Bibi, yule profesa hakutafuna. Aliitia mfukoni."

"Basi mtafunie wewe," nikamwambia. "Una meno mazuri."

"Uongo wako watu wanaulipa kwa kicheko, Bibi. Wangu nitauapia Biblia."

Nikamkumbusha wenzake, ambao nao waliacha kazi zao na mashamba yao. Akasema anawajua, analala nao bweni moja.

Nilikwenda naye Bukoba, kumshika mkono. Wakili wa chuo kikuu akamtaka aeleze hayo makubaliano yalifanyika vipi, naye akaanza na kahawa. Watu wakacheka, wakili akacheka kuwapita wote. Hakimu hakucheka. Alimuuliza taratibu kama mgeni alitamka neno lolote alipopewa ile punje. Auleria akatazama dari mpaka nikadhani Kiswahili kimemtoka chote, kimebaki Kinyambo chetu.

"Aliitia mfukoni, mheshimiwa. Akasema atakwenda kuwauliza wenzake."

"Hakusema amekubali?"

"Hakusema."

Projest, aliyekuwa amekaa benchi la mbele, akainama kama anayetafuta kitu kilichoanguka sakafuni. Hukumu ilisomwa baadaye, lakini kesi ilifia pale. Makubaliano hayakuwapo, kwa hiyo mitihani hakuna, na miaka yote waliyosoma haihesabiwi. Chuo kikafungwa. Mbuzi wa kijiji sasa wamo darasani, na mmoja wao, nawaapia, anajua kujumlisha.

Auleria alirudi Bweranyange kufundisha darasa lilelile, bila cheti, chini ya mkuu aliye mdogo kwake. Waliosoma naye wakikutana naye njiani wanaangalia migomba.

Mwaka uliofuata jirani yetu Kaijage alifiwa, tukajaa msibani. Auleria ndiye aliyepitisha kikapu cha kahawa, akafika kwa Projest. Akapiga goti, akasema shikamoo. Projest akaitikia marahaba, akachukua buni moja, akaizungusha kidogo vidoleni. Kisha akaitia mfukoni.

Nikamnong'oneza Auleria, "Kumbe na huyu amekuwa profesa."

Hakucheka. Akasogeza kikapu kwa mtu aliyefuata.