Sahihi Aliyoikataa Adhiambo

Jumanne asubuhi, Maingi, tarishi wa idara, alimletea Carolyne Adhiambo bahasha ya kaki pamoja na daftari la kupokelea barua. Adhiambo alikuwa karani wa masjala ya serikali kwa miaka kumi na tisa. Aliijua bahasha ile kabla hajaigusa. Faili moja lilikuwa limepotea, na ofisi nzima ilinong'ona kwamba yeye ndiye atakayefutwa.

"Tia sahihi hapa, Madam."

"Sitii. Nikitia nimekubali kosa."

"Kosa gani, na hata hujaifungua?"

"Maingi, usinitege."

Maingi alicheka, kisha akaandika daftarini: amekataa kutia sahihi, saa nne na robo. Akaiacha bahasha mezani.

Adhiambo aliibeba hadi nyumbani Tassia, akaizika bila kuifungua ndani ya ndoo ya unga. Aliamini kwamba barua isiyotiwa sahihi haijamfikia. Watumishi wengi huamini hivyo, na ni ujinga unaowaponza hata wasio na hatia.

Siku zile hakupata amani. Viatu vikisikika kwenye ngazi, alizima televisheni. Kanisani aliketi karibu na mlango. Kila jioni alipopika ugali, aliuchota unga kwa uangalifu, asije akaigusa ile bahasha.

Jumatatu Chege, katibu wa tawi la chama cha wafanyakazi, aliingia masjalani.

"Jibu lako liko wapi?"

"La nini? Mimi sijapokea kitu."

"Daftari linasema uliletewa ukakataa sahihi, na hiyo ni kupokea. Siku saba za kujibu zinaisha kesho saa kumi na moja jioni. Ukinyamaza, kamati ya nidhamu itaamua bila kukusikia."

"Basi nimekwisha."

"Bado. Jibu kwa maandishi. Siku ya kusikilizwa nitaketi kando yako. Wakikuonea, tutakata rufaa kwa Tume ya Utumishi wa Umma, na baada ya hapo kuna mahakama ya kazi. Lakini usipojibu kesho, huko kote utakwenda na nini?"

Jioni hiyo aliikung'uta bahasha unga, akasoma. Alishtakiwa kwa kutoa faili bila kuliandikisha. Ilikuwa kweli. Bwana Phares, naibu mkurugenzi, alikuwa ameliagiza kwa simu, naye akampa Maingi alipeleke. Pale ofisini karani hamsukumii mkubwa rejista ya faili atie sahihi. Sasa Bwana Phares alikuwa akisema hajaliona.

Akili yake ilimwambia akane kila kitu. Akampigia Chege.

"Usikane," Chege alisema. "Andika ulichofanya wewe, na alichofanya yeye. Chako usikipunguze, chake usikizidishe."

"Nani ataniamini mimi dhidi ya bosi?"

"Muulize Maingi."

Asubuhi Maingi alifungua daftari lake la miezi miwili nyuma. Mstari ulikuwepo, kwa mwandiko uleule: faili kwa Bwana Phares, saa nane na dakika tano, amesema hana wakati wa kutia sahihi.

"Na uliniona mbaya nilipokuandika wewe," Maingi alisema.

Adhiambo aliandika yote, kosa lake likiwa aya ya kwanza. Saa tisa alasiri aliwasilisha jibu, akaomba nakala yake igongwe muhuri. Aliyepokea alimwambia arudi kesho. Adhiambo alisema atangoja. Aligongewa saa kumi na nusu.

Kamati ilimsikiliza, Chege akiwa kando yake na daftari la Maingi likiwa mezani. Kisha zikapita wiki tatu za kushtuka kila mlango ulipofunguka.

Siku Maingi alipoleta bahasha nyingine ya kaki, Adhiambo alinyoosha mkono akalitaka daftari kabla hajaambiwa. Alitia sahihi, akaandika saa, ndipo akafungua.

Ilikuwa barua ya onyo, kwa kutoa faili bila kuliandikisha. Kazi yake ilikuwa imebaki.

Aliisoma mara mbili, kisha akamwomba Maingi ampelekee Bwana Phares rejista ya faili, atie sahihi yake kwa faili lile.